Marehemu wa Shuka

Mama yangu husema nilizaliwa nimesimama. Siwezi kukaa. Kwenye treni ya Doonside kwenda Seven Hills, safari isiyofika robo saa, husimama mlangoni hata behewa likiwa tupu, na nikifika kazini nahangaika dukani kama kuku anayetaka kutaga. Kazi yenyewe ni miwani. Mimi si daktari. Daktari anapima macho, mimi namchagulia mtu fremu, napima umbali wa mboni hadi mboni, nanyoosha mikono ya miwani iliyopinda na kubadilisha vile vipira vya puani. Nimefanya hivyo miaka kumi na minane, nimeyatazama macho ya watu wa magharibi ya Sydney kwa karibu kuliko waume zao na wake zao. Nayasema haya mapema kwa sababu mwishoni mwa habari hii nitasema uongo kuhusu macho, na nataka ijulikane kwamba sikuusema kwa ujinga.

Habari inamhusu mtu ambaye wala si ndugu yangu. Kwetu Tanga tulimwita Marehemu wa Shuka. Alikuwa mume wa kwanza wa bibi yangu, mama yake Mama. Bibi aliolewa naye akiwa kigoli, wakakaa miezi michache, kisha mume akapata kazi ya jikoni kwenye meli ya Wajerumani, akaondoka. Kutoka huko ikaja kadi moja ya picha. Amesimama mlangoni pa hoteli, koti lenye safu mbili za vifungo mpaka kidevuni, kofia kichwani, anatabasamu na mwanya wake. Nyuma ameandika kwa herufi za Kiarabu: mimi mzima, nimepata kazi katika mambo ya picha. Baada ya hapo, kimya. Miaka saba.

Kaka yake Bibi alikuwa akifanya kazi kwenye shamba la mkonge, na Bibi alikuwa akiishi kwake, maana mke wa mtu aliyepotea hana pengine pa kwenda. Meneja wa shamba alikuwa Mjerumani. Siku moja, kabla ya vita vya pili, aliwaalika Wajerumani wenzake kutazama sinema. Shuka nyeupe ilitundikwa uwanjani, Wazungu wakakaa mbele kwenye viti. Wafanyakazi na wake zao waliruhusiwa kukaa chini upande wa pili, nyuma ya shuka. Picha ilipenya na kuonekana vizuri tu, ila ilikuwa imegeuka, kulia kushoto na kushoto kulia, na hapakuwa na mtu wa kuwaambia.

Sinema ilikuwa ya Wazungu waliopotea porini. Walisema sana, Kijerumani kitupu, na watu nyuma ya shuka wakaanza kupiga soga zao. Ghafla akatokea mtu mweusi na mzigo kichwani. Akautua, akamgeukia bwana wake mweupe, akasema kwa Kiswahili cha Tanga kisicho na doa: "Viatu hivi vinanibana, bwana, na tangu asubuhi sijatia kitu tumboni."

Palikuwa hapatoshi. Sauti ilikuwa yake. Mwanya ulikuwa wake. Hata lile bega lililoshuka, la kubebea madebe ya maji tangu utotoni, lilikuwepo. Bibi peke yake ndiye aliyesita. "Bega lake limehama," alisema. "La kwake lililoshuka ni la kushoto." Kaka yake akamwambia anyamaze, Ulaya hubadilisha mtu.

Kabla kelele hazijatulia, mtu wetu akapigwa risasi. Akaanguka mbele ya hema. Bwana wake akapiga magoti kando yake, akasema maneno marefu, sinema ikaendelea, na yeye hakurudi tena. Wanawake waliangua kilio mpaka meneja akatuma nyapara awanyamazishe. Mpishi wa meneja, aliyewahi kufika Dar es Salaam na kuona mambo, akawaeleza kwamba ule ni mchezo, watu wale wanalipwa kujifanya. Wakamjibu jibu ambalo mpaka leo sijaona kasoro yake. Wazungu wale labda wanajifanya, walisema, maana hatujui walikuwa wakisema nini. Lakini wetu alisema ana njaa na viatu vinambana. Mtu anayejifanya hasemi njaa yake mwenyewe. Na kama njaa ni ya kweli, risasi itakuwaje ya uongo?

Matanga yakakaa siku saba. Bibi akakaa eda, miezi minne na siku kumi, amevaa nyeupe, hatoki nje. Mwaka uliofuata akaolewa na babu yangu, fundi cherehani, wakamzaa Mama.

Sisi tulikua tukicheka hadithi hiyo. Mtoto akijitia usingizi ili asitumwe dukani, aliambiwa amekufa kwa shuka. Na Mama ndiye aliyekuwa hodari wa kuisimulia. Alijua pa kushusha sauti na pa kusita, na alipofika kwenye bega alishusha la kwake mwenyewe, kisha akalipandisha na kushusha la pili, na watu wakafa kwa kicheko.

Nilimleta Mama Sydney miaka tisa iliyopita, baada ya baba kufariki. Kila Jumamosi nilikuwa nikimpeleka Fairfield kwenye darasa la akina mama, ukumbi mdogo karibu na soko. Kuna wanawake wa Mombasa, wa Unguja, wa Bujumbura, wa Bukavu, na kinachowaunganisha ni Kurani na Kiswahili, kila mmoja na chake. Jumamosi moja, baada ya somo, chai ikinywewa, Mama akawasimulia Marehemu wa Shuka. Akashusha bega. Wakacheka, mmoja akamwaga chai. Kisha mama mmoja Mrundi, mtu mwema kabisa, ambaye hata sasa nikimwona naona hasira inanipanda bila haki, akauliza alichouliza.

"Sasa Mama, ule bwana wa kwanza si alikuwa angali muzima kule Ulaya? Sasa mama yako alikuwa na mabwana wawili?"

Mtu akaanza kukusanya vikombe.

Kutoka Fairfield hubadilisha treni Blacktown. Mama alitazama dirishani njia nzima, na mimi nikasimama mlangoni kama kawaida yangu nikijitia sijaona. Tulipokuwa tukingoja jukwaani Blacktown, akaniuliza huku akitazama reli.

"Kwa hiyo mimi ni mtoto wa nini?"

Nilimwambia aache upuuzi. Hilo ndilo nililosema, kwa maneno hayohayo, na sijajisamehe. Mtu wa miaka themanini na zaidi, aliyesali tangu anajua kusimama, aliyezika mume na watoto wawili, anauliza kama alizaliwa katika ndoa au nje yake, na mimi namwambia upuuzi kwa sababu treni inakuja.

Tangu siku hiyo tukawa wawili tusiojua kukaa. Mama alianza kuzunguka ua wetu wa Doonside kutoka kamba ya nguo mpaka uzio, uzio mpaka kamba ya nguo, midomo ikienda. Hakurudi tena darasani. Nilimpigia simu maalim, mzee wa Mombasa anayefundisha pale, akaja nyumbani mwenyewe na kanzu yake na koti la baridi juu. Alimsikiliza Mama mpaka mwisho bila kucheka mahali popote. Kisha akamwambia kwamba ikiwa mama yake aliamini kwa moyo mmoja kuwa mumewe amekufa, akakaa eda yake na kuolewa kwa nia safi, basi hiyo ni shubha, kosa la kutojua. Hana dhambi, na mtoto ni halali, nasaba yake haina doa.

"Ikiwa aliamini," Mama akasema.

"Ikiwa aliamini, Mama. Na kwa nini asiamini? Shamba zima liliamini."

Alipoondoka, nilidhani yamekwisha. Mama akanifuata jikoni.

"Nataka kuona alichokiona mama yangu," akasema. "Nikiona kwamba mtu yule alionekana maiti kweli, nitalala. Wewe una kompyuta, una simu, una mtoto wa chuo kikuu. Nitafutie."

"Na utaona kwa macho gani?"

Mama alikuwa na mtoto wa jicho, macho yote mawili. Miaka mitatu nilikuwa nikimbembeleza akubali upasuaji, yeye akinijibu kuwa aliyobakiza kuyaona ni machache na yako karibu. Fikiria aibu yangu, fundi wa miwani nyumbani kwake mna mtu anayemimina chai nje ya kikombe. Sasa akaniambia nimwandikishe. Nilifurahi! Nilimwandikisha wiki ileile, tukaingia foleni ya hospitali ya serikali, na mimi nikaanza kumtafuta marehemu.

Simu haikunisaidia, na binti yangu alijaribu siku mbili akachoka. "Mum, you don't even have his name in the credits," aliniambia, na kweli jina lililoandikwa kwenye sinema sikuwa nalo. Aliyenisaidia ni mteja. Mzee wa Kijerumani, fundi mstaafu wa viwanda vya Seven Hills, ambaye kila baada ya miezi miwili huikalia miwani yake na kuniletea niinyooshe. Siku hiyo nilipokuwa nikipasha moto mkono wa fremu, akaniambia ameikalia tena kwa sababu alisinzia akitazama sinema za zamani za kwao. Nikasimamisha kazi. Nikamwonyesha ile kadi ya picha, niliyokuwa nayo kwenye simu. Bila miwani ilimbidi aisogeze simu karibu na pua.

"Huyu namjua," akasema. Kiingereza chake ni kizito, naandika kwa Kiswahili. "Huyu ni bawabu. Nimemwona akifungua mlango labda mara hamsini."

Alikuwa na gereji isiyo na gari. Diski zimepangwa ukutani mpaka juu, televisheni moja, viti viwili, kimoja cha marehemu mkewe. Aliniambia kwamba yeye hupenda kuwatazama watu wa nyuma. Walio mbele, alisema, wana watazamaji wa kutosha. Basi kila Alhamisi nikitoka kazini nilipita kwake, tukamtafuta mtu wetu, yeye ameketi na mimi nimesimama nyuma ya kiti cha mkewe. Alichoka kuniambia nikae.

Tukampata, kipande kwa kipande. Katika zile za mwanzo, ambazo hazina sauti, ni baharia anayepita na kamba begani, sekunde nne. Kisha ni bawabu, hoteli hii na hoteli ile, na koti ni lilelile, tulilijua kwa kifungo kimoja kilichokosekana. Mahali pengine ni mpiga ngoma wa bendi ya dansi na inaonekana wazi hajui kupiga. Ameshika farasi, akimwogopa farasi, na farasi akimwogopa yeye. Amembebea bibi harusi mkia wa gauni. Sultani fulani wa uongo, Mzungu aliyepakwa masizi, anampigia makofi, naye anainama mpaka kofia inamwanguka, na bila shaka hilo halikupangwa. Na mara kwa mara anakufa. Alikufa kwa mkuki, alikufa kwa mamba, alikufa kwa kuangukiwa na sanduku.

Mzee alinieleza kazi ilivyokuwa. Watu wa pembeni waliitwa asubuhi, wakavishwa, wakasimamishwa penye alama ya chaki, wakaambiwa watazame kule. Kazi yao ilikuwa kumtazama mkubwa, ili na sisi tumtazame. Jina halikuandikwa. Lakini mtu wetu alikuwa na wizi wake mdogo. Kila alipofungua mlango, baada ya wakubwa kupita, alifuta kitasa kwa mkono wa koti. Hakuna aliyemwambia afanye hivyo. Aliiba sekunde moja ya sinema, kila sinema, na mimi nilianza kuingojea kama mtu anayengoja ndugu yake ashuke kwenye treni. Nilimpenda, ndiyo. Nilimpenda na nikamkasirikia, maana mtu anayekumbuka kufuta kitasa angekumbuka pia kumwandikia mkewe.

Ile ya porini ilikuja ya mwisho. Mzee hakuwa nayo, akaagiza kwa rafiki yake Adelaide, ikachukua wiki tano. Nilikuwa nimesimama kama kawaida. Akatokea na mzigo, akautua, akafungua mdomo, na ndani ya gereji ya Seven Hills, kati ya tanuri la umeme na mashine ya kukatia nyasi, mtu wa Tanga akasema viatu vinambana na hajala tangu asubuhi.

Nilikaa. Nilikaa kwenye kiti cha marehemu mke wa watu bila kuomba ruhusa.

"Anasema nini?" mzee akauliza. "Yule mkubwa anawaambia wenzake kuwa amesema simba wako karibu."

Nilipomtafsiria, alicheka mpaka akavua miwani. Miaka yote, alisema, tumekuwa tukiogopa simba ambao hawakuwepo. Wakati huo mtu wetu akapigwa risasi, akaanguka mbele ya hema, mkubwa akapiga magoti akaanza hotuba. Mzee bado anacheka, akanyoosha kidole.

"Sasa angalia tumbo. Hotuba ni ndefu, maskini. Hawakutaka kuikata kwa sababu mkubwa alilia machozi ya kweli."

Niliangalia tumbo. Lilikuwa limetulia, limetulia, limetulia. Kisha likapanda na kushuka, mara mbili, kwa nguvu, kama mtu aliyeibuka majini. Likatulia tena. Halikuwa jambo la kutafuta. Alikuwa katikati ya picha, kifua wazi. Aliyekaa mbele angeona na aliyekaa nyuma ya shuka angeona.

Na bibi yangu, ambaye katika zogo lile lote aliona bega limehama, asingeliona tumbo?

Sikumbuki niliagaje. Nakumbuka nilitembea kwa miguu kutoka Seven Hills mpaka Blacktown badala ya kupanda treni, na viatu vya kazi vikinibana kama vya marehemu. Nilikuwa namwona Bibi. Sikumwona bibi mzee ninayemkumbuka, anayenukia karafuu na kunifinya paja msikitini. Nilimwona mwanamke wa miaka ishirini na kitu, ameketi chini kati ya wanawake wengine, nyumba si yake, mume hayupo na hajafa, miaka saba. Kwenda kwa kadhi kuomba ndoa ivunjwe kulihitaji kaka, na kaka hakutaka aibu. Halafu jioni moja shamba zima linainuka na kumpa marehemu, wanamlilia kwa niaba yake, wanamfungia mlango wa eda wenyewe. Angesema nini? Samahanini, amepumua? Siri ya mtungi aijuaye kata. Nilimwonea fahari barabarani pale, nikamwonea fahari mpaka machozi, na papo hapo nikajua kwamba nikimwonyesha Mama sinema hii nitakuwa nimemvunjia nguzo ya mwisho. Ikiwa aliamini. Maalim alisema hivyo, na Mama alikuwa ameliweka neno lile pale anapowekea tasbihi yake.

Nikaanza kumdanganya. Bado anatafuta, Mama. Adelaide mbali, Mama. Diski, aliyoniazima mzee, nilikuwa nayo kwenye mkoba, chini ya sanduku la skrubu. Na mimi niliyebembeleza upasuaji miaka mitatu, nikaanza kuomba foleni irefuke. Sijivunii. Nilikuwa nikiona namba ya hospitali kwenye simu nasita kuipokea.

Wakapiga. Mtu amejitoa, kuna nafasi Jumanne.

Upasuaji wenyewe ni wa dakika chache, jicho moja kwanza, la pili baada ya wiki nne. Kitambaa kilipotolewa, Mama alinitazama muda mrefu.

"Kumbe umezeeka," akasema.

Nyumbani aliona utando wa buibui ambao mimi sikuuona. Aliona kuwa pazia nililomwambia ni la kijani ni la buluu. Alisimama uani akasoma maandishi kwenye gari la jirani ng'ambo ya barabara, herufi kwa herufi, Kiingereza asichokijua, kwa raha tu ya kusoma. Na jicho la pili lilipopona, hakuniuliza tena kama sinema imepatikana. Aliufungua mkoba wangu wa kazi nilipokuwa naoga, akaitoa diski, akaiweka juu ya meza ya chakula. Macho hayana pazia.

"Hii ni nini?"

Ilikuwa Jumapili mchana. Binti yangu alileta mashine na nyaya, akaziunganisha kwenye televisheni huku bibi yake akimharakisha kwa Kiswahili naye akijibu "Yes Bibi, I know, Bibi." Kisha akaenda zake kazini. Tukabaki wawili. Mama alivuta kiti mpaka karibu ya kioo, nikamwambia arudi nyuma ataumia macho, akasema macho ni yake. Mimi nilisimama.

Alipotua mzigo na kusema, Mama aliruka. Akashika mdomo kwa mikono miwili, kisha akacheka, akacheka, kicheko ambacho nyumba yetu ilikuwa haijakisikia tangu Jumamosi ya Fairfield. "Viatu!" akasema. "Kumbe ni kweli! Viatu, mama yangu!" Nilitamani nizime hapo. Kitufe kilikuwa mkononi mwangu. Lakini huwezi kumfumbua mtu macho kisha ukamwambia hapa usitazame.

Risasi ikalia. Akaanguka. Mkubwa akaanza hotuba.

Mama hakutikisika. Tumbo likapanda, likashuka, mara mbili.

"Nirudishie," akasema.

Nikarudisha. Akatazama mpaka mwisho wa hotuba.

"Nirudishie."

Safari ya tatu aliinuka akasimama mbele ya kioo, akaweka kidole juu ya lile tumbo, kidole kikapanda na kushuka nalo. Kisha akarudi kitini, akaniambia nizime. Televisheni ikawa nyeusi na sote wawili tukaonekana ndani yake, yeye ameketi, mimi nimesimama.

Nilingoja. Nilikuwa nimejiandaa kwa kilio, kwa ukimya, hata kwa kuambiwa nimrudishe Tanga. Mama alikuwa akikunja upindo wa mtandio wake, anaukunja na kuukunjua.

"Mama yangu alikuwa haoni vizuri," akasema taratibu. "Wewe hukumbuki. Mimi ndiye niliyekuwa namtungia uzi. Tangu niko mdogo. Anaikamata sindano, anaitazama, anashindwa, ananiita."

"Nakumbuka," nikasema. Na ni kweli nakumbuka, nami nilimtungia.

"Mtu asiyeweza kutunga uzi," Mama akasema, na hapo akaninyanyulia yale macho mapya, meupe, safi, "ataona tumbo la mtu kule mbali? Wewe ndiye mwenye kazi hiyo. Niambie."

Kila siku ya kazi huja mtu dukani, mwanamume au mwanamke, amepita arubaini, amenyoosha gazeti mkono mzima, ananiambia hawezi tena kusoma wala kutunga uzi. Na kila siku nampeleka dirishani, namwonyesha ubao wa stesheni, naye anausoma wote bila shida. Lenzi ya ndani ya jicho imekakamaa tu, namwambia, ni umri. Karibu huoni, lakini mbali uko sawa, usiogope. Maneno hayo nimeyasema mara nyingi hata naweza kuyasema usingizini. Na Bibi siku ya shuka hakuwa hata amefika thelathini.

"Haoni, Mama," nikasema. "Hawezi kuona."

"Una hakika?"

"Ni kazi yangu."

Akashusha pumzi. Akasema alhamdulillahi, akainuka kwenda kutawadha, na alipopita akanigusa shavu, jambo ambalo si kawaida yake. Tangu siku hiyo analala. Katika dua zake za baada ya sala ameongeza mtu mmoja, namsikia kutoka jikoni. Anamwombea yule aliyeliliwa kabla ya wakati wake, maana wakati wake ulipofika hatujui kama yupo aliyemlilia. Mzee wa Seven Hills alimpata katika sinema moja zaidi, ya wakati wa vita, amesimama na sinia nyuma ya maofisa. Baada ya hapo hayupo tena popote, na mzee aliponieleza nchi yao ilivyowafanyia watu weusi kama mtu wetu miaka ile, hakunitazama usoni.

Jumamosi iliyopita Mama alirudi Fairfield. Niliketi naye wakati wa chai, kwenye kiti kabisa, kwa sababu nilikuwa na wasiwasi naye. Walimwomba hadithi, na yule mama Mrundi ndiye aliyeomba kwa nguvu kuliko wote, nadhani kwa kutaka kutengeneza alichoharibu. Mama akaisimulia yote. Meli, kadi ya picha, miaka saba, shuka, viatu, njaa, mpishi na jibu alilopewa. Alishusha sauti pale pale pa siku zote na akasita pale pale pa siku zote, na wanawake wakacheka mpaka wakashikana mikono.

Nilikuwa nangoja ashushe bega. Hakulishusha, wala hakutaja kwamba Bibi aliliona limehama. Alipita pale kana kwamba hapakuwahi kuwa na kitu, akanyanyua kikombe chake, akanywa, na kutoka juu ya ukingo wa kikombe akanitazama.